Namba Niliyojiandikia

Kama unasoma haya ukiwa umesimama kwa sababu ukikaa kuna kitu kinakusukuma chini, basi usijilazimishe kukaa. Mimi nilipitisha karibu mwaka mzima wima: kanisani, kwenye chama cha akina mama, hata nikikata sukuma wiki jikoni. Watu walidhani nina haraka. Nakuandikia wewe ambaye pia wanadhani una haraka. Mambo ya misuli na mishipa sitakueleza, hayo daktari wako atakuchorea kwenye karatasi. Nitakueleza ujinga nilioufanya, ili wewe usiurudie.

Naishi Umoja, ghorofa ya tatu, na mume wangu Wekesa, ambaye hufanya kazi kwenye kiwanda cha unga, na binti yetu Doreen. Kwenye ploti yetu maji huja siku mbili kwa wiki, na yakija hayapandi juu. Unashuka na mitungi, unapanga foleni kwenye mfereji wa chini, kisha unabeba. Nimebeba hivyo tangu Doreen akiwa mgongoni. Mwaka huo mvua za vuli zilipoanza, nilikuwa nimefika ghorofa ya pili na mtungi wa lita ishirini mkononi nilipohisi kitu kimeteremka. Hakikuuma. Kiliteremka tu, kikakaa pale mlangoni mwa uke, laini na mviringo, kama yai lililochemshwa na kumenywa. Nilifika nyumbani, nikaingia bafuni, nikagusa kwa kidole. Kisha nikanawa mikono na kushuka kuchukua mtungi uliobaki.

Labda unangoja niseme sikujua ni nini. Nilijua vizuri sana. Mimi ni karani wa rekodi katika hospitali moja huku Eastlands. Mgonjwa akishaonwa, faili yake huletwa kwetu. Tunasoma alichoandika daktari, tunatafuta namba ya ugonjwa huo, tunaiingiza kwenye kompyuta. Malaria ina namba yake, kuzaa salama kuna namba yake, kuumwa na mbwa pia. Kwa namba hizo hospitali hujua iagize dawa gani na imwite nani kliniki. Kibofu cha mkojo kilichoshuka ni N81.1. Nilikuwa nimeiandika mara nyingi hata sikuhitaji kufungua kitabu.

Sasa niseme jambo linaloniaibisha kuliko kibofu chenyewe. Sisi wa rekodi tulikuwa tunacheka. Mkubwa wetu, Njeri, ana ulimi mkali na sauti ya kuigiza watu, na kila ikija faili ya N81 angeiinua juu na kusema, "Huyu naye buti ya gari imefunguka!" Tungecheka mpaka machozi yatutoke. Hatukuwahi kutaja jina la mgonjwa nje ya chumba kile, hilo nalijivunia. Lakini ndani tulijua ni mama yupi wa ploti ipi, na tulipokutana naye sokoni tulimwangalia anavyotembea. Mimi nilikuwa nacheka kwa sauti kuliko wote.

Kwa hiyo nilipoenda kliniki ya wanawake pale pale kwetu, wiki mbili baadaye, nilipitia mlango wa nyuma. Daktari alikuwa msichana mpole ambaye alipasha mikono joto kabla ya kunigusa. Aliniambia kibofu kimeshuka sana na dawa yake ni upasuaji. Daktari bingwa hutoka nje na kuja mara mbili tu kwa mwaka, na atakuja tena mwisho wa masika. Kwa sasa nirudi baada ya siku kumi niwekewe pete ya mpira ya kukishikilia.

"Jina lako usijali, mama," alisema. "Kompyuta itakutoa yenyewe kwenye orodha. Inachukua wote wenye hiyo namba."

Akaandika kila kitu vizuri, akaweka faili kwenye kikapu cha kwenda rekodi. Nilikibeba kikapu hicho mwenyewe.

Nilisubiri Njeri aende kunywa chai. Nikafungua jina langu kwenye kompyuta, na pale pa namba nikaandika N39.0. Maambukizi ya njia ya mkojo. Ni ugonjwa wa kila mtu, hakuna anayegeuka kukutazama. Faili ya karatasi nikaisukuma ndani ya droo yangu, chini ya rejista za zamani. Nilijiambia nitarekebisha kabla orodha haijatolewa, na kwamba ni siri ya miezi michache tu. Pete sikuirudia, kwa sababu nayo ingeandikwa.

Krismasi ikapita. Mwaka mpya ulipoingia yule daktari akahamishwa, na hakuna aliyebaki anayejua ila mimi na droo.

Kiangazi cha mwaka huo nilikuwa kiguu na njia. Nilijua kila choo kati ya nyumbani na kanisa letu la Makongeni: kipi kina kufuli, kipi kina mama mkali mlangoni, kipi hakina maji. Nilikuwa nakojoa kidogo, nasimama, nahisi bado, narudi. Ikafika mahali haja haitoki mpaka nisukume kile kitu ndani kwa kidole, na niliposukuma nilikuwa natazama ukuta nisijione. Nikicheka, mkojo. Nikikohoa, mkojo. Nilipunguza kunywa maji, jambo ambalo nakuomba usilifanye kabisa, kwa sababu mkojo ulianza kuchoma kama pilipili.

Nikaenda kwa daktari wa wagonjwa wa nje. Akaangalia kompyuta. "Ulikuwa na maambukizi vuli," akasema. "Yamerudi." Akanipa vidonge vya siku saba. Nikavimeza. Baada ya mwezi nikarudi, mwingine akaangalia kompyuta ile ile, akanipa vidonge vikali zaidi. Hakuna aliyenipima chini, na mimi sikusema. Nilikuwa nimewadanganya, na wao walinitibu kwa uaminifu kabisa.

Nyumbani nako kukawa moto. Wekesa ni mtu wa maneno machache, lakini mwanamume aliyekataliwa miezi mitano bila kuelezwa ana haki ya kununa. Jumamosi moja nilikuwa naanika nguo juu kwenye paa, akanifuata na beseni.

"Mama Doreen," akasema, "kama kuna mtu, niambie tu. Mimi si mtoto."

"Mtu gani? Acha upuzi."

"Unatoka toka kila saa. Tukiwa kanisani unatoka. Unaenda wapi?"

Ningemwambia hapo hapo, mambo mengi yangeepukika. Lakini kibofu kilikuwa kimejaa, nikamwachia nguo na kukimbia chooni. Nilipotoka alikuwa ameanika zote na kuondoka.

Masika ikaingia, ikakaribia kwisha. Asubuhi moja Njeri akaniita kutoka mezani kwake. "Mama Doreen, tutolee ile orodha ya wamama wa upasuaji. Bingwa anakuja wiki tatu zijazo."

Nilibonyeza. Mashine ikatema majina kumi na mawili, kwa mpangilio wa nani aliandikwa mapema, na nafasi zote zilikuwa kumi na mbili. Nilihesabu tarehe. Mimi ningekuwa wa tano. Kubadilisha namba iliyokwisha kuingizwa kunahitaji barua ya sababu na sahihi ya Njeri, na orodha ilikuwa inafungwa Ijumaa. Siku zote nne zilizobaki nilizunguka meza yake. Nilimpelekea chai. Nilimuuliza habari za mtoto wake mara mbili siku moja. Ijumaa jioni nikaichukua ile orodha mwenyewe na kuibandika ukutani.

Jumanne iliyofuata mkojo uligoma. Kuanzia asubuhi mpaka saa kumi jioni hakikutoka hata kitone, kwa kidole au bila kidole. Tumbo likavimba, jasho likanitoka kwenye mdomo wa juu, nikawa natembea kutoka ukuta hadi ukuta nikishika mafaili nisiyoyasoma. Mwishowe niliegemea mlango wa chumba cha dharura na kumwambia muuguzi, "Sista, nakufa." Hakuniuliza maswali. Alinilaza, akanitia mpira wa mkojo, na mfuko ukajaa tukiutazama. Nilisikia raha mpaka nikalia kwa sauti.

Daktari wa zamu alifunua shuka, akatazama, akafunika. Alienda kwenye kompyuta, akarudi amekunja uso.

"Hii haijaanza jana. Mbona huku kumeandikwa maambukizi tu? Nani aliandika?"

"Ni mimi."

"Nauliza karani."

"Karani ni mimi, daktari."

Alivuta kiti akakaa. "Unajua orodha imefungwa?"

"Najua. Niliibandika mimi."

Kuna watu watakuambia aibu ni kitu kidogo, uimeze tu. Sikubaliani nao. Aibu yangu ilikuwa kubwa kuliko mimi, na ilikuwa na akili ya kunishinda. Nilikuwa nimeacha mwili wangu uoze kidogo kidogo ili watu watatu wasinicheke wakinywa chai. Nilijichukia jioni ile kwa namna ambayo bado nikiikumbuka nasonya.

Wekesa alikuja kunichukua. Nilikuwa na mfuko wa mkojo umefungwa kwenye paja, haukufichika. Tuliketi kwenye benchi nje ya famasi, yaani yeye aliketi na mimi nikasimama mbele yake, nikamweleza yote, hata ile namba. Alitazama viatu vyake.

"Mama yangu alikuwa akikalia upande mmoja," akasema. "Kule nyumbani. Siku zote kwenye leso iliyokunjwa, upande mmoja. Sisi watoto tulimwigiza, tukicheka. Nilidhani ni mazoea yake."

"Hakuwahi kusema?"

"Amekufa hajasema." Akapangusa uso kwa kiganja. "Na wewe ulitaka uniachie hadithi hiyo hiyo nimpe Doreen?"

Tangu siku hiyo hajaniachia nibebe maji. Wanawake wa ploti walimtania kwenye foleni ya mfereji, wakimuuliza kama bibi yake amemwajiri, naye akajibu, "Nyinyi mnabebewa na nani?" Doreen alipoambiwa alinikumbatia kwa hasira. "Aki mum, si ungeniambia? Ulidhani ntakucheka?" Ndivyo nilivyodhani, kuhusu kila mtu.

Kilichobaki ni Njeri. Nilitoa faili kwenye droo, nikaiweka mbele yake asubuhi, kabla wengine hawajafika. Alisoma. Akainuka, akafunga mlango kwa ufunguo.

"Ghai, Mama Doreen. Kaa chini."

"Siwezi kukaa."

"Basi simama. Ulificha kwa sababu yangu?"

"Ndiyo."

"Ulidhani ningecheka?"

"Ndiyo."

Aliifunga faili. "Ningecheka," akasema. "Kwanza ningekuigiza ukitembea. Hapo ndipo pabaya, kwamba ni kweli." Akavuta karatasi. "Andika barua. Andika ukweli wote, mimi nitatia sahihi na nitaandika na wangu."

Niliandika: nilijiandikia namba isiyo yangu kwa sababu ya aibu. Msimamizi wa hospitali alinipa onyo kwenye karatasi na kuninyang'anya nywila ya kompyuta kwa miezi sita. Nilistahili, maana namba si za kuchezea. Namba yangu ikarekebishwa kuwa N81.1 na jina langu likawekwa chini ya orodha, wa kwanza kwenye akiba. Mmoja wa kumi na wawili akikosekana, naingia mimi.

Kwa kuwa sikuwa tena na kompyuta, Njeri alinipa simu. Kazi yangu ikawa kuwapigia wale kumi na wawili kuwaambia siku ya kuja. Sidhani alifikiria. Kanuni ilikuwa hivi: ukipiga siku tatu tofauti na mtu hapatikani, unaandika hapatikani, unaita wa akiba.

Kumi na mmoja walipatikana. Aliyebaki alikuwa mama wa Dandora, na simu yake ilikuwa imezimwa. Siku ya pili, imezimwa. Nilikuwa na mpira mwilini, kinena kinawasha, sijalala vizuri kwa wiki nzima. Siku ya tatu asubuhi nilitia alama ya tatu kwenye karatasi kabla ya kupiga. Ndiyo, nilifanya hivyo, kalamu ilikuwa mkononi na nikatia. Halafu nikazunguka chumba. Nikaenda dirishani. Nikarudi, nikaitazama ile alama, na nikaijua. Ilikuwa N39.0 nyingine, safari hii kwenye mwili wa mtu mwingine.

Nikapiga. Imezimwa. Hapo kanuni ilikuwa imetimia, na hakuna ambaye angenilaumu. Nikapiga tena mchana. Imezimwa. Saa kumi nikapiga mara ya mwisho, nikiwa tayari nimevaa koti, na ikaita.

"Halo? Nani?" Nyuma yake kulikuwa na kelele za malori na ndege wa jalalani.

Nikajitambulisha, nikamwambia siku.

"Ngai, mama! Stima zilipotea kwetu siku nne, simu imezima muda wote. Nilisema basi hiyo imenipita." Akaanza kulia. "Mimi huokota chupa, na kuinama siwezi tena. Nimengoja hii simu tangu mwaka juzi. Mngenitafuta tena kama nisingepatikana?"

"Tumekutafuta," nikasema. "Njoo na leso mbili." Nikakata, nikafuta ile alama mpaka karatasi ikatoboka.

Kwa hiyo nilingoja nusu mwaka mwingine. Mpira ulitolewa, nikawekewa pete, na nakuambia kweli, ile pete ni rehema. Unaitoa, unaiosha, unairudisha. Mara ya kwanza nilihangaika nayo bafuni mpaka nikacheka peke yangu. Kila mwezi kulikuwa na kliniki, na benchi refu la mbao, na wanawake waliokalia upande mmoja mmoja. Tulijifunza kuanza mazungumzo. Yule mama wa Dandora alikuja kuangaliwa baada ya upasuaji wake, akanitambua kwa sauti. Ndiye aliyenifundisha kulala na mto chini ya magoti, na kuamka kwa ubavu. "Mficha uchi hazai," alisema akigonga goti langu, na benchi zima likasema amina. Sikumwambia habari ya ile alama. Namwambia hapa, kama atasoma.

Vuli iliporudi, bingwa akaja. Upasuaji wenyewe siukumbuki, niliamka tu nikiwa na kiu. Siku ya pili asubuhi sista alitutoa mipira, akaweka jagi la plastiki lenye mistari kando ya kila kitanda.

"Kunyweni maji," akasema. "Kabla ya chakula cha mchana kila mtu akojoe humu, nione. Asiyekojoa, mpira unarudi."

Hakuna aliyenionya kuhusu saa zile, kwa hiyo mimi nakuonya. Ndizo zilikuwa ngumu kuliko kisu. Mmoja akaenda nyuma ya pazia, akafaulu. Wa pili, akafaulu. Mimi nilikunywa, nikazunguka wadi nikishika ukuta, nikanywa tena. Nikachuchumaa juu ya jagi, hakuna kitu. Nikarudi kutembea. Mawazo yalinijia kwamba nimechelewa, kwamba kibofu kilichonyooshwa mwaka mzima kimesahau kazi, na kosa ni langu, la mkono wangu. Bibi mmoja wa Makongeni, mjane wa mtu wa reli, ambaye naye alikuwa bado hajafaulu, alinitazama nikipita mara ya kumi.

"Mwanangu, unatuzungusha kichwa," akasema. "Nenda ukafikirie mfereji."

Nikaenda. Nikafunga macho. Nikaacha kusukuma, nikaacha kuomba, nikachoka tu. Na ukaja, wenyewe, bila kidole, mfululizo, ukigonga plastiki kwa sauti iliyosikika hadi kwenye korido. Wadi nzima ilikuwa imenyamaza. Kisha mtu akapiga kigelegele, na wengine wakadakia wakishika matumbo yao yenye nyuzi, na sista akaingia mbio akidhani kuna aliyeanguka.

Aliinua jagi kwenye mwanga wa dirisha, akasoma mistari, akaandika. "Wewe unaenda nyumbani," akasema.

Nilipotoka, yule bibi alikuwa tayari ameshuka kitandani, amesimama na jagi lake. Nikamshikia pazia.

"Usiniangalie," akasema.

Nikageuka, lakini sikuondoka, na wadi nzima tukanyamaza tukisikiliza.